Injini ya roketi ya mafuta ya kimiminika: kwa nini chemba haiyeyuki?

Mwl_Kibirizi
Wakuu, habari za jioni. Kidato cha nne hapa Kigoma wamenibana. Gesi ndani ya chemba (chumba cha kuunguzia mafuta) ya F-1, injini ya Saturn V, roketi iliyowapeleka watu mwezini, inapita nyuzi 3,000. Chuma chake kinayeyuka kwenye 1,400 hivi. Mbona chemba haiyeyuki? Halafu pampu za nini, wakati karabai inajazwa upepo kwa mkono tu na mafuta yanapanda? Sasa wanataka kujaribu wenyewe kwa mafuta ya taa na mtungi wa oksijeni wa kuchomelea. Nimekataa, ila niwape nini badala yake?

NozoMbili
Mwalimu, hebu iangalie vizuri hiyo karabai. Mafuta hayaendi moja kwa moja kwenye nozo. Yanapita kwanza kwenye kijibomba kilicho jirani na utambi, yanabeba joto, ndipo yanaungua. F-1 nayo ni hivyo hivyo: ukuta wa chemba ni mirija 178 iliyounganishwa, na asilimia 70 ya mafuta yanazunguka humo kabla ya kufika kwenye injekta, ile sahani ya matundu inayomwaga mafuta na oksijeni ndani ya chemba. Mirija ni myembamba makusudi ili joto livuke haraka. Ukiinenepesha kwa kudhani unaiimarisha, upande wa moto ndio unaoyeyuka. Tena pembezoni mwa injekta mafuta humwagwa mengi kuliko oksijeni, kwa hiyo gesi inayogusa ukuta si kali sana.

Hata ugonjwa ni ule ule wa karabai: masizi. Mafuta yakipata joto kupita kiasi yanavunjika, kaboni inaganda ndani ya mrija, joto halipiti, mrija unatoboka. Karabai unaizibua kwa sindano, roketi haikupi nafasi hiyo. Ndiyo maana wanatumia RP-1, mafuta ya taa yaliyosafishwa sana, salfa karibu hakuna. Siyo haya ya kibandani.

Baa70
Kuhusu pampu: chemba ya F-1 ina presha ya baa 70 hivi (baa moja ni karibu sawa na presha ya hewa ya kawaida), na mafuta hayaingii bila kuishinda. Ukisukuma kwa upepo, tangi zima lihimili baa 90 au zaidi. Angalia mtungi wa oksijeni wa lita 50 pale kwa mchomeleaji: chuma kitupu ni kilo 60 hivi, wakati lita 50 za mafuta ya taa ni kilo 40. Mtungi ule ni wa baa 150, sawa, lakini mnaona hesabu inakoelekea. Ukiwa na pampu, tangi linabeba baa chache tu.

Pampu ya F-1 ilikuwa na nguvu farasi 55,000. Boza la mafuta ya taa la lita 10,000 ingelikausha kwa sekunde kama 10. Na kabla ya kuwasha, upande wa oksijeni lazima upozwe. Oksijeni iliyo nyuzi 183 chini ya sifuri ikikuta chuma cha joto inachemka, pampu inameza mapovu, mzigo unapotea ghafla, mzunguko unapaa mpaka vitu vinachanika.

Injekta_Ujiji
Hayo mnayoyasema yanahesabika. Kilichowatoa watu jasho ni mwako kuyumba, yaani presha ya moto kupanda na kushuka kwa kasi mpaka injini inatikisika. Juni 1962 F-1 moja ilisambaratika kwenye stendi ya majaribio, na hakukuwa na fomula ya kuwaokoa. Wakawa wanalipua kibomu kidogo ndani ya chemba injini ikiwaka, kisha wanapima mtikisiko unachukua muda gani kutulia. Walibadilisha matundu ya injekta na kuweka vizingiti vilivyougawa uso wake sehemu 13, hadi mtikisiko ukawa unatulia chini ya sekunde 0.1. Yalikwenda majaribio kama 2,000.

Mtungi wa oksijeni wasiuguse kabisa. Grisi ya kidole tu kwenye valvu inatosha kulipuka. Wape maji. Chukua bomba la mgongoni la kunyunyizia dawa, lioshwe vizuri, toboa tundu la mm 1 kwenye kizibo cha shaba, pima kwa ndoo na saa. Kwa baa 3, hesabu tupu inasema lita 1.15 kwa dakika, ndooni zitaingia kama 0.75 hadi 0.9. Hiyo tofauti waieleze wao. Kisha matundu mawili yaliyoinamiana, maji yagongane kama mikondo ya kwenye injekta.

Mwl_Kibirizi
Yasipogongana je?

Injekta_Ujiji
Angalia mdomo wa tundu, kekee huacha vinyuzi vya chuma. Kimoja tu kinapindisha mkondo. Kwenye injini ya kweli mkondo huo ukiwa wa oksijeni, unakwenda kutoboa ukuta.