Mjadala: Nikolai Cherkasov alikuwa msanii tu, au alimtumikia Stalin?

Mleta mada:

Wakuu, naomba hili tulijadili kwa hoja. Nikolai Cherkasov, mwigizaji wa Kisovieti, alizaliwa St Petersburg, Urusi, 1903, akafia hapo hapo 1966, mji ukiwa unaitwa Leningrad. Alianza na vichekesho vya kujipinda mwili, maana alikuwa mrefu na mwembamba kupita kiasi, baadaye akawa nguzo ya Ukumbi wa Pushkin, thieta ya mji huo. Kwenye filamu akapewa watawala. Mwongozaji Sergei Eisenstein alimchezesha kama mtawala wa kale wa Urusi kwenye Alexander Nevsky (1938), halafu kama mfalme Ivan kwenye Ivan wa Kutisha, filamu yenye sehemu mbili.

Tazameni jambo moja. Mwaka 1942, Wajerumani wakiwa ndani ya nchi, ilianzishwa Nishani ya Alexander Nevsky kwa ajili ya makamanda. Nevsky aliishi karne ya 13 na hakuna picha yake iliyochorwa akiwa hai. Basi msanifu akachukua sura ya Cherkasov kwenye filamu, na kofia yake ya chuma, akaiweka kwenye nishani.

Mtu ambaye sura yake imekuwa mhuri wa dola hawezi kusema alikuwa anaigiza tu. Sehemu ya kwanza ya Ivan ilipata Tuzo ya Stalin 1946. Ya pili ikapigwa marufuku mwaka huo huo. Februari 1947 yeye na Eisenstein wakaitwa Kremlin usiku, mbele ya Stalin na wasaidizi wake wakuu, Molotov na Zhdanov. Stalin akalalamika kwamba askari wa Ivan wanafanana na Ku Klux Klan, lile kundi la wabaguzi wa Marekani, na mfalme kafanywa mtu wa kusitasita kama Hamlet wa Shakespeare. Ukatili wake waweza kuonyeshwa, alisema, ila onyesheni kwa nini ulikuwa wa lazima. Hata ndevu za Ivan zilijadiliwa, kwamba ni ndefu mno! Katika kumbukumbu ya kikao waliyoitoa wenyewe, sioni waliposimama kupinga. Mwaka huo huo Cherkasov akapewa cheo cha Msanii wa Watu wa Umoja wa Kisovieti.

Mchangiaji:

Mkuu, unamhukumu mwenzio ukiwa umekaa mahali salama. Mwongozaji Vsevolod Meyerhold alikamatwa Leningrad, mji wa Cherkasov, Juni 1939, akapigwa risasi Februari 1940. Januari 1948, hata mwaka haujaisha tangu kikao hicho, Solomon Mikhoels, mwigizaji mkuu wa thieta ya Kiyahudi ya Moscow, aliuawa Minsk na watu wa usalama, ikatangazwa ni ajali ya gari. Ulitaka Cherkasov amjibu nini Stalin?

Halafu, ile sehemu ya pili umeitazama? Shingo imenyooka, macho yanamfuata kila anayeingia, mfalme anaogopa hata ndugu zake. Hiyo ni kazi ya Cherkasov, si ya kamera peke yake. Mimi naamini Stalin alijitambua mle. Watu waliiona 1958, Stalin na Eisenstein wote wakiwa wameshazikwa. Na mwaka 1957 Cherkasov huyu huyu alikuwa Don Quixote kwenye filamu ya Grigory Kozintsev, mzee asiye na jeshi wala kiti cha enzi. Mbona huyo humtaji?

Mleta mada:

Don Quixote ni kazi nzuri mno na nimeipenda. Ila 1957 hatari ilikuwa imepungua sana, Stalin alikufa 1953. Hofu naikubali, ndugu yangu, na mifano ya Meyerhold na Mikhoels ni mizito, siwezi kuipuuza. Angenyamaza tu nisingemlaumu hata kidogo. Lakini alijiunga na Chama cha Kikomunisti 1940, akawa mbunge, akapokea tuzo za Stalin zaidi ya mara moja. Wapo waliokuwa na hofu ile ile wakajibanza kwenye majukumu madogo ya jukwaani.

Na hoja yako ya macho inanisaidia mimi. Kama yale macho ya sehemu ya pili ni kazi yake, basi utukufu aliompa Ivan katika sehemu ya kwanza nao ni kazi yake, na ndio uliopewa tuzo. Kwa nini sifa ya ile ya pili iwe yake, halafu lawama ya ile ya kwanza umtwishe Stalin peke yake? Hapo sijajibiwa bado.