Msaada: Fall from Heaven II inajifunga, halafu sijui nianze na taifa gani

Mlinzi wa Goli
Wakuu, habari za jioni. Civilization IV ya kawaida nimeicheza mpaka nimeichoka. Sasa kuna jamaa kanionjesha Fall from Heaven II, ile modi inayogeuza gemu zima. Roma hakuna, Misri hakuna, uko kwenye dunia inaitwa Erebus. Kuna majoka, wachawi, mashetani, hadi vampaya wanaokula raia wao wenyewe ili wapate nguvu. Tangu siku hiyo sina raha.

Shida ni mbili. Nikiifungua inaanza kupakia, inatoa meseji za makosa ya XML moja baada ya nyingine, nabonyeza OK mpaka nachoka, kisha inajifunga. Folda nimeiweka ndani ya Mods, ndani ya Program Files, kama maelekezo yanavyotaka. Ya pili, mataifa ni 21 na yote yananichanganya. Moyo uko kwa Lanun, wale maharamia wa baharini.

Iwe tayari kabla ya Jumamosi tafadhali. Matusi hapana.

Kapteni Kitoroli
Una Beyond the Sword, ile nyongeza ya Civ IV, au ile ya mwaka 2005 peke yake? Bila Beyond the Sword hakuna kitu, na lazima iwe toleo la 3.19. Angalia namba kwenye menyu ya mwanzo kabla hujatuchosha.

Buda wa Rongai
Anza na Grigori, buda. Hao hawataki dini yoyote, kwa hivyo unaruka zile stori zote za nani ameeneza imani gani wapi. Wanapata Adventurers, unawalea pole pole, wanakuwa mashujaa. Mimi ndio nilianza nao na sijawahi jutia.

Mama Faraja
Vampaya, mashetani, wachawi. Kijana, siku za mwisho hizi. Muda huo ungeutumia kwenye maombi hata hilo gemu lingefunguka.

Kapteni Kitoroli
Mama Faraja, humo ndani kuna Bannor na dini yao ya Order, kazi yao ni kuwachapa hao mashetani usiku na mchana. Mwambie achague hao, dhambi zitafidiana.

Mlinzi wa Goli
Beyond the Sword ninayo, 3.19 inasomeka vizuri. Gemu la kawaida linacheza bila shida, tatizo ni modi tu. Grigori sijawakataa ila nimesema moyo uko kwa Lanun.

Babu Orthus
Meseji za XML mfululizo si jambo la kupita juu juu. Mafaili ya XML ya modi hii yanataja vitu ambavyo Civ IV ya kawaida haivijui kabisa: mana, uchawi, hesabu ya Armageddon. Anayevitambua ni CvGameCoreDLL, faili linalokuja na modi yenyewe. Zikitoka meseji za namna hiyo maana yake gemu halijalisoma hilo faili. Unatumia mashine gani? Taja aina na mfumo wake. Modi uliifungaje?

Mlinzi wa Goli
Mashine ni ya kawaida tu, RAM 4GB. Modi alinifungia jamaa wa steshenari kwenye kompyuta yake, nikaibeba folda kwa flashi.

Bi Mkora
"Ya kawaida tu." Babu kauliza aina, wewe umejibu kama mtu aliyeulizwa umri.

Kapteni Kitoroli
Wakati tunasubiri niwaambie yaliyonikuta. Mara yangu ya kwanza nilikuwa Ljosalfar, wale elves wanaojenga ndani ya msitu bila kuufyeka. Raha tupu. Karibu na mji mkuu kulikuwa na pango. Nikaona kitufe cha kulichunguza, nikasema ndani kuna dhahabu, nikamtuma askari mmoja. Lilitoka dude, likamla askari, likaingia mjini, na mji mkuu nilikuwa nimeuachia mlinzi mmoja. Nilizima kompyuta nikaenda kulala saa mbili usiku. Mapango ya jirani na nyumbani yaacheni mpaka muwe na jeshi.

Buda wa Rongai
😂😂 Na Orthus je? Ukimwona huyo barbarian na shoka lake mapema hivyo ndio unajua hii si Civ ya kawaida. Lakini ukimuua, shoka linakuwa lako.

Babu Orthus
Jina langu lisitumike vibaya. Mleta mada, nauliza tena: Windows gani?

Mlinzi wa Goli
Si Windows. Ni MacBook Pro ya 2012. Sikudhani inahusu, maana gemu lenyewe linacheza, na diski ya toleo la Mac ninayo.

Babu Orthus
Inahusu kuliko yote uliyoandika. Hiyo DLL ni ya Windows, Civ IV ya Mac haiwezi kuisoma. Unaweza kuhamisha folda mpaka kesho, jibu litakuwa hilo hilo. Modi zisizo na DLL yake zinaweza kwenda kwenye Mac, hii haiendi. Tafuta kompyuta ya Windows, hata ya zamani. Modi hii ni ya enzi za Windows XP na Vista, haidai makubwa.

Kama unataka kuonja leo leo, Beyond the Sword inakuja na Age of Ice, kisa cha dunia hiyo hiyo wakati Mulcarn, mungu wa baridi, ameigandisha. Nayo ni kazi ya timu ya Kael, yaani Derek Paxton, kabla hajaajiriwa na kampuni ya gemu ya Stardock. Tazama kwenye orodha yako ya modi. Ni ndogo, ila inakuingiza kwenye hadithi.

Mlinzi wa Goli
Asante Babu. Hilo la Windows nilishalihisi, ndiyo maana tangu mchana nimefungua Boot Camp, ile programu ya kuweka Windows kwenye Mac, niigawe diski. Ile mistari ya kugawa nimeshaivuta, bado kubonyeza tu. Na lazima nibonyeze leo kwa sababu Jumamosi laptopu inaondoka.

Bi Mkora
Inaondoka inaenda wapi?

Mlinzi wa Goli
Inaondoka tu. Mambo ya nyumbani.

Bi Mkora
Laptopu yako inaondokaje Jumamosi kwa mambo ya nyumbani? Imeolewa?

Mlinzi wa Goli
Haya. Mashine ni ya kikoba cha mama mdogo. Yeye ndiye mwekahazina, mimi nawaingizia hesabu kwenye Excel: hisa, mikopo, marejesho, mfuko wa jamii. Jumamosi wanavunja kikoba, wanagawana. Lakini msinirukie. Mimi ndiye ninayeitunza mashine hii, hakuna mwingine anayejua hata kuiwasha. Hesabu zote pia ziko kwenye daftari. Boot Camp haifuti chochote, inagawa tu. Na nimeshaingia gharama, bando zima limeishia kwenye modi hii.

Mama Faraja
Fedha za kina mama! Kuna mtu mle anauza maandazi mwaka mzima akisubiri mgao wa Jumamosi, wewe unataka kuleta mashetani kwenye mashine hiyo hiyo. Sasa hivi ndiyo nasema kwa sauti: toba.

Kapteni Kitoroli
Jamaa achague Khazad tu. Wale mbilikimo wana hazina zao, dhahabu ikijaa watu wanafurahi, ikikauka wananuna mji mzima. Hicho ni kikoba chenye mashoka.

Babu Orthus
Mlinzi, usibonyeze. Ni kweli Boot Camp kwa kawaida haifuti data, lakini diski ya 2012 imezeeka, na kugawa diski nzee siku chache kabla ya mgao ni kujitafutia kesi. Hilo faili la Excel lina nakala nje ya mashine? Daftari si nakala ya faili.

Mlinzi wa Goli
Nakala iko kwenye flashi.

Bi Mkora
Flashi ile ile uliyobebea modi?

Mlinzi wa Goli
Flashi ni flashi, bi mkubwa. Ina nafasi.

Mpiga Filimbi
Samahanini, nimekaa kimya nikisoma kuanzia juu. Hii ni chai, na imetiwa tangawizi.

Kwanza, amesema folda kaiweka ndani ya Program Files. Mac haina Program Files. Pili, tangu toleo la mfumo linaloitwa Catalina, la 2019, Mac hazifungui programu za biti 32, na Civ IV ni ya enzi hizo, sasa hilo gemu "linacheza bila shida" kwenye Mac ipi? Tatu, ni kikoba gani kinachoweka hesabu za hisa kwenye MacBook? Mimi mama yangu yuko kwenye kikoba, kuna sanduku lenye kufuli na funguo za watu watatu. Mleta uzi alianza na gemu, akaona wachangiaji wachache, akaongeza mgao na mama mdogo. Kesho atatuambia joka limekula mikopo.

Buda wa Rongai
Wueh. Hapo kwa Program Files umemshika.

Kapteni Kitoroli
Nami niliona nikanyamaza. Chai kabisa.

Mama Faraja
Kwa hiyo nimeombea watu ambao hawapo?

Mlinzi wa Goli
Yaani mnanichosha. Mashine haijasasishwa tangu High Sierra, toleo la kabla ya Catalina, hiyo Catalina haijaiona. Alikuwa nayo dada yangu yuko Muscat, alipopata mpya akamtumia mama mdogo pamoja na diski za gemu za mwanawe zilizokuwa mkobani. Na hiyo Program Files niliitengeneza mwenyewe. Maelekezo yalisema iwe ndani ya Program Files, nikatafuta sikuiona, nikaunda folda nikaipa jina hilo, nikahamishia gemu zima humo. Kuna kosa gani?

Bi Mkora
😂😂😂😂 Ameiunda mwenyewe!

Kapteni Kitoroli
Nafuta kauli. Mtunga chai asingekuwa na akili ya kuwaza hilo.

Ngamia wa Muscat
Wallahi hilo la mashine linawezekana. Huku kila anayenunua mpya, ile ya zamani inaingia kwenye mzigo wa nyumbani pamoja na mafuta na blanketi. Mimi nimepeleka mbili Unguja, moja iko dukani kwa mjomba anapigia hesabu za saruji. Hilo la Program Files ndilo siwezi kumtetea.

Mpiga Filimbi
Atume picha ya hiyo folda, nami nitaomba radhi mbele ya wote.

Buda wa Rongai
Tukirudi kwa mada, Babu, hata yeye akipata Windows, si afadhali aanze moja kwa moja na zile modi zilizojengwa juu ya hii? Rise from Erebus ina mataifa mengi zaidi.

Babu Orthus
Hapana. Mtu hajui hata Adept, yule mchawi mwanagenzi, ni nani umpeleke Rise from Erebus? Aanze na Fall from Heaven II yenyewe, toleo la 0.41 na kiraka chake cha mwisho, kile cha herufi O. Ramani ndogo, na ugumu ashushe ngazi moja au mbili chini ya aliouzoea. Kwenye ramani kubwa za muda mrefu kumbukumbu inajaa, gemu linakufa katikati na kukuachia uchungu. Raging Barbarians, lile chaguo la washenzi wakali, asiiguse. Ahifadhi mara kwa mara.

Jingine, Adept hata ukimweka mjini bila kupigana anaendelea kupata uzoefu. Wageni wengi wanamchukua wanamtupa vitani kama askari wa upinde, anakufa kabla hajajifunza chochote, kisha wanalalamika kwamba uchawi wa gemu hili ni dhaifu. Mtengeneze mapema, umwache atulie. Na kila taifa lina uchawi mmoja mkuu wa dunia nzima. Ukishautumia umekwisha kwa gemu zima, usiupige zamu za mwanzo kwa kutaka kuona rangi zake.

Kapteni Kitoroli
Kweli tupu. Mimi wa Ljosalfar niliupiga nikiwa sina hata adui.

Mlinzi wa Goli
Nimezungumza na jamaa wa steshenari. Anasema niende akishafunga, nicheze kwenye kompyuta yake kwa bei ya saa, modi bado imo. Boot Camp nimeifunga, lakini si kwa sababu ya kelele zenu, Windows yenyewe ya kuweka sina. Sasa Babu, nijibu la Lanun maana mmelikwepa tangu mwanzo. Wanahitaji bahari kiasi gani?

Bi Mkora
Na faili la kina mama?

Mlinzi wa Goli
Lanun kwanza.

Babu Orthus
Faili kwanza. Jitumie kwa barua pepe sasa hivi, ni dakika moja.

Lanun si wabaya kwa kuanzia, mradi ramani iwe na pwani ndefu. Usijenge mji wa bara kwa tamaa ya madini. Utamu wao ni maficho ya maharamia, unayajenga baharini kwa mashua za kazi, nayo yanakua yenyewe kadiri muda unavyokwenda. Hayawezi kukaa jirani kwa jirani, kwa hiyo pima kwanza utayapanga vipi ufukweni ndipo uweke mji. Uchawi wao mkuu, Raging Seas, unapiga pwani za maadui, uutunze kwa vita utakayoitaka wewe. Ukikutana na taifa lililokaa katikati ya bara utapata shida, huko hauna mkono.

Buda wa Rongai
Bado nasema Grigori.

Mpiga Filimbi
Mimi bado nasubiri picha ya folda. Ila Babu, hayo maficho lazima yaachiane vigae vingapi? Nauliza kwa sababu nimeshaanza kuishusha, na mimi mashine yangu ni Windows.