Naomba ushauri: dumbaki ya ngozi inalegea katikati ya wimbo

Asalaam aleikum wakubwa zangu. Kikundi chetu kinajaribu kupiga taarabu ya enzi za Siti binti Saad, aliyekwenda Bombay 1928 kurekodi santuri: udi, fidla, tari na dumbaki, bila kinanda wala maikrofoni. (Hata kanzu tumeshonesha za mtindo wa zamani, majirani wanatucheka.)

Shida ni dumbaki, ile ngoma ndogo ya kupigwa kwa mikono. Tumeiwamba ngozi ya mbuzi badala ya plastiki, na masika haya inalegea kabla ya ubeti wa tatu. Utadhani mtu anapiga mto. Tuliipasha juu ya mkaa, ikapasuka ukingoni. Kuianika juani hakusaidii, usiku imeshalegea.

Je, ngozi ya samaki itastahimili unyevu zaidi? Na wanaotumia mkaa, mnaiweka umbali gani na kwa muda gani?