Dolly Parton kumbe aliigiza pia? Na ni kweli alimnyima Elvis wimbo?

chausiku_k: Wadau habari zenu. Juzi usiku nimeangalia muvi ya 1980, ile 9 to 5, wanawake watatu wa ofisini wanamteka bosi wao mkorofi, namwona Dolly Parton humo humo na Jane Fonda! Mi nilikuwa namjua kwa kuimba muziki wa kantri tu. Kuna mtu akaniambia eti Elvis Presley, yule staa wa rock, alitaka kuimba wimbo wake akamkatalia, ni kweli? Na alianza kipi, kuimba au filamu?

gitaa_kavu: Kuimba ndo kulianza, tena zamani sana. Kazaliwa 1946 milimani Tennessee, watoto 12 yeye wa nne, hali ngumu kiasi kwamba daktari aliyemzalisha mama yake alilipwa gunia la unga wa mahindi. 1964 kamaliza shule, kesho yake kapanda basi hao Nashville. 1967 akachukuliwa kwenye kipindi cha tivii cha Porter Wagoner, nchi nzima ikamjua.

Ya Elvis ni kweli. I Will Always Love You aliuandika kumuaga Porter, maana alitaka kusimama mwenyewe na mzee hataki kumwachia. Ukatoka 1974 ukashika namba moja chati za kantri. Elvis akaupenda, mipango yote imekamilika, halafu meneja wake Colonel Tom Parker akaleta sharti kwamba wapewe nusu ya haki za wimbo. Dolly alilia usiku kucha ila akagoma.

mzee_wa_santuri: Mimi hapo naona alijinyima. Elvis akiuimba wimbo wako wewe tena unataka nini? Ningempa hiyo nusu siku hiyohiyo

gitaa_kavu: Hapana mzee wangu, subiri. 1992 Whitney Houston kauimba kwenye filamu ya The Bodyguard, ukakaa namba moja Marekani wiki 14. Mirabaha ya mtunzi iliingia kwa nani? Kwake Dolly, bila kumkatia mtu nusu. Binti wa maskini asiye na mtu wa kumtetea anamwambia hapana meneja wa Elvis, mi ndo kitu namheshimia huyu mama kuliko sauti yake.

bi_shani: Chausiku turudi kwenye hiyo muvi yako, ndo ilikuwa ya kwanza kwake na alikubali kwa sharti kwamba wimbo wa filamu autunge yeye. Hajui mambo ya filamu yanavyokwenda, akakariri skripti yote, mistari yake na ya wenzake pia! Na mule seti akagundua akisugua kucha zake zile ndefu za bandia zinatoa mlio kama taipureta, tik tik tik, basi akawa anatunga wimbo kwa kucha, na hata studio wakazirekodi. Ukaenda namba moja na ukaingia kugombea Oscar. Baadae tafuta Steel Magnolias ya 1989, anaigiza msusi, ila andaa leso.

Na baba yake hakujua kusoma wala kuandika, ndo maana 1995 Dolly akaanzisha mpango wa kuwapelekea watoto wadogo vitabu nyumbani, bure, kila mwezi mpaka mtoto afike miaka 5. Hapo mi huwa nashindwa kuongea.

mzee_wa_santuri: Ya wiki 14 nilikuwa siijui. Nimekubali, alifanya sawa kugoma.

chausiku_k: Asanteni sana jamani. Naurudia ule wimbo sasa hivi na hedifoni, nazitafuta kucha.