Marekani na Haiti: alienda kusaidia au alienda kuchukua?

Wadau, tangu polisi wa Kenya watue Port-au-Prince Juni 2024, kila ukigusa habari za Haiti lazima atokee mtu aseme wale wameshindwa kujitawala, Marekani imejitahidi weee kuwasaidia lakini hawasaidiki. Mimi hiyo hoja siikubali hata kidogo.

Mnasema Marekani iliingia Haiti kijeshi 1915 kwa sababu nchi ilikuwa haikaliki, rais Vilbrun Guillaume Sam kauawa na wananchi wenye hasira. Ni kweli aliuawa, na ni kweli kabla ya hapo wafungwa wa kisiasa zaidi ya mia walichinjwa gerezani, unyama ule siutetei. Ila angalieni tarehe jamani! Sam kauawa Julai 1915. Desemba 1914, miezi saba nyuma, wanajeshi wa majini wa Marekani walishaingia benki ya taifa ya Haiti mchana, wakatoka na masanduku ya mbao yenye dhahabu ya dola 500,000, wakapakia kwenye meli yao ya kivita hadi New York. Jirani gani huyo anadai kaja kuzima moto wakati pesa zako kazihamisha kabla moto haujawaka?

Halafu wakakaa miaka 19. Bunge lilipogoma kupitisha katiba waliyoitaka wakalivunja 1917, mwaka uliofuata katiba ikapita kwa kura iliyosimamiwa na wao wenyewe, na humo wageni wakaruhusiwa kumiliki ardhi, kitu ambacho Haiti ilikikataza tangu enzi za Dessalines, kiongozi wake wa kwanza baada ya uhuru, watu waliotoka utumwani wanajua kwanini walikataza. Wakulima wakakamatwa kwa nguvu kujenga barabara bila malipo, wengine wamefungwa kamba. Charlemagne Péralte, kiongozi wa waasi wa Haiti, akaingia msituni kupigana nao, 1919 wakamuua, maiti wakaifunga kwenye mlango wakaipiga picha na kuisambaza ili watu waogope. Watu wakaiona wakasema huyu kasulubiwa kama Yesu, ndo akazidi kuwa shujaa.

Jeshi liliondoka 1934 lakini hesabu za nchi Wamarekani waliendelea kuzishikilia mpaka 1947.

Sisemi viongozi wa Haiti ni malaika, rais dikteta Duvalier na mwanawe aliyemrithi waliwatesa sana watu wao. Nauliza tu, wewe unayesema ule ulikuwa msaada, nijibu hili moja: zile dhahabu za 1914 zilikuwa zinamsaidia nani?