Naomba ushauri: nilimuona shemeji akimuua dada yangu, sasa amekata rufani

Bint Wete:
Assalamu alaykum. Nnaomba msaada, hasa kwa wanaojua sheria.

Dada yangu aliuliwa na mumewe usiku, uani kwao, huku Pemba. Mie nilikuwa nalala kwake kwa kuwa mchana waligombana. Niliposikia ukelele nikafungua mlango wa jiko, nikamuona shemeji kasimama na panga, dada yuko chini. Akanitazama, kisha akapenya kwenye ua wa makuti akakimbia. Majirani walipofika nikawaambia papo hapo aliyefanya ni nani, na sheha, kiongozi wa serikali wa mtaa wetu, nikamwambia vivyo hivyo.

Mahakama Kuu ilimtia hatiani. Sasa kakata rufani, na watu wa kwao wanapita wakisema atatoka: shahidi ni mmoja, ni ndugu wa marehemu, na ulikuwa usiku. Mamake amekuja kwetu anataka tuyamalize, ati nikaseme sikuona vizuri. Mama yangu hapati usingizi. Jee, nitaitwa tena?

Mtu wa Mkunazini:
Pole sana dada, Mungu amrehemu marehemu. Hutaitwa. Rufani ya jinai kutoka Mahakama Kuu ya Zanzibar inakwenda Mahakama ya Rufani ya Tanzania, na majaji wanasoma mwenendo wa kesi kama ulivyoandikwa. Ushahidi mpya hupokelewa kwa nadra mno. Yaani kilicho na uzito ni kile ulichokwisha kukisema.

Karani Mstaafu:
Shahidi mmoja anatosha akiaminika. Undugu nao si hoja. Mauaji ya ndani ya nyumba ataona nani kama si mtu wa nyumbani?

Penye shida ni usiku. Tangu kesi ya Waziri Amani dhidi ya Jamhuri ya 1980, mahakama haitegemei utambuzi wa macho mpaka iridhike kwamba hakuna uwezekano wa kumfananisha mtu. Nimeona wafungwa wakiachiwa kwa sababu shahidi alisema "kulikuwa na taa" akaishia hapo. Taa gani? Ilikuwa wapi? Mwanga ulifika wapi? Ulimuona kwa muda gani, na umbali gani? Hayo uliyaeleza?

Bint Wete:
Ndiyo. Nilisema ni glopu ya umeme juu ya mlango wa jiko, na uso wake ulinielekea. Wakili wake alinikazania sana kuhusu umbali, nikaonesha kutoka niliposimama kizimbani hadi meza ya karani. Jaji akakadiria, akaandika.

Karani Mstaafu:
Alhamdulillahi, hilo limo kwenye kumbukumbu. Na kumtaja papo hapo kwa majirani na sheha ni nguvu kubwa, kesi ya Marwa Wangiti imelisema hilo wazi. Tena ni shemeji yako, si mgeni. Majaji hujionya kwamba hata ndugu hufananishwa, ila kwa mwanga huo na umbali huo mimi sioni pa kuponea.

Ila jiandaeni kwa jambo jengine. Kesi za mume na mke mara nyingi haziishii kwenye "si mimi". Wakili atashika ule ugomvi wa mchana, aseme ilikuwa hasira, hakukusudia kuua. Majaji wakikubali, kosa linageuka kuwa kuua bila kukusudia na adhabu inapungua. Hapo wataangalia silaha, mapigo mangapi, na yalipiga wapi mwilini. Ripoti ya daktari itasema zaidi kuliko wewe. Mwambieni mama mapema, asije akayasikia mahakamani.

Mama wa Makunduchi:
Mwanangu, hilo la kuambiwa ukaseme hukuona usikae nalo. Uliapa, na kumrubuni shahidi ni kosa. Kesi ya kuua anashitaki Mkurugenzi wa Mashtaka, si nyie, kwa hiyo huyo mama hana cha kumalizana na mama yako. Nenda ofisi ya Mashtaka huko huko Pemba ukaeleze, na uende na mjomba au kaka. Akija tena, asikukute peke yako.

Bint Wete:
Ahsanteni sana. Kesho nakwenda na mjomba. Siku ya rufani tunaruhusiwa kuingia?

Mtu wa Mkunazini:
Mnaruhusiwa, mahakama ni ya wazi. Hiyo kesho muulizeni wakili wa serikali awajuulishe tarehe ikipangwa, na mwachieni namba ya simu ya mjomba.