Mkanda wa Super 8 unanuka siki, nataka kuutumia kwenye filamu ya utoto na mauti

Mwanapwani: Heshima kwenu wakuu. Nina mikanda ya Super 8 (filamu nyembamba ya kupigia nyumbani) ya miaka ya 70: watoto ufukweni, marehemu mama akitokea hapa na pale. Nataka filamu ya dakika tano, bila msimuliaji. Mmoja unanuka siki. Naweza kuupitisha kwenye projekta? Na ile picha inayomomonyoka hupatikanaje? Nasikia watu hufukia mkanda ardhini.

Fundi_Mkanda: Pole kwa kufiwa, mkuu. Projekta hapana. Hiyo ni asetati, yaani plastiki ya mkanda, inaoza, na joto na unyevu wa pwani huiharakisha. Mkanda ukishasinyaa, vitundu vyake haviendani tena na meno ya mashine, unachanika. Utenge na mingine, maana mvuke wake huiambukiza, wala usiufungie kwenye kopo lisilopitisha hewa. Tafuta skana isiyo na meno, unakiliwe fremu (picha) moja moja. Mita 15 ni fremu kama 3,600, yaani dakika 3 na sekunde 20 kwa kasi ya fremu 18 kwa sekunde.

Ukihariri kwenye mradi wa fremu 24 kwa sekunde, rudia kila fremu ya tatu, hesabu inakaa sawa. Kwenye programu ya kuhariri, zima kabisa uchanganyaji wa fremu (frame blending), la sivyo nyuso zitapakana. Na mama akitazama kamera, usigandishe fremu moja: chembe za filamu (grain) zikisimama, picha imekufa. Chukua fremu tatu au nne zinazofuatana, uzizungushe mbele na nyuma. Uso unatulia, chembe zinaendelea kutetema.

Chumba_Cha_Giza: Usifukie mkanda wa asili, kamwe. Piga upya zile fremu kutoka kwenye skrini kwa kamera ya filamu ya 16mm, isafishe kwa dawa picha zitokee, kisha uharibu nakala. Udongo uwe na unyevu, usiwe tope. Kagua kila siku mbili tatu. Bakteria hula jelatini, yaani tabaka linalobeba picha, ukichelewa utafukua plastiki tupu. Uanike kabla ya kuuviringisha, ukiwa mbichi utagandana.

Kwangu bora jiki: sehemu moja kwa kumi za maji, brashi nyembamba, suuza papo hapo. Fanyia nje, na isikutane na siki wala fiksa (dawa ya kuimarisha picha), hutoa gesi ya klorini. Anza kufuta sehemu za mchanga na bahari. Uso uuache mwisho kabisa.

Mwanapwani: Shukrani sana. Sauti je?

Fundi_Mkanda: Tazama pembeni. Ukiona mstari wa kahawia, huo ni wa sumaku, huenda una sauti. Mwambie mwenye skana mapema, maana skana nyingi husoma picha tu. Na mikanda yenye mstari huo ishughulikiwe kwanza, huoza upesi zaidi.